Uhakiki wa DVD: Alien vs. Predator, Toleo la Diski Mbili

Kasha hili lina diski mbili. Ya kwanza ina filamu yenyewe, Alien vs. Predator ya mwaka 2004, katika sura mbili: ile iliyoonyeshwa kwenye majumba ya sinema na ile iliyorefushwa kwa takriban dakika 8. Ya pili inasimulia jinsi filamu hiyo ilivyotengenezwa, tangu wazo lilipozaliwa hadi ilipotangazwa sokoni. Hukumu yangu naitoa mapema ili msomaji ajue ninakoelekea: diski ya pili ni bora kuliko ya kwanza. Anayenunua kasha hili kwa ajili ya filamu peke yake huenda akajutia fedha zake, ilhali anayelinunua ili ajifunze namna madubwana yanavyoundwa kwa mpira, vyuma na mikono ya watu atapata zaidi ya alicholipia.

Wazo la kuyakutanisha madubwana haya mawili halikuanzia kwenye sinema. Alien, kiumbe wa angani anayezaliana ndani ya miili ya watu, alizaliwa mwaka 1979 katika filamu ya Ridley Scott, kutokana na michoro ya msanii wa Uswisi H. R. Giger; Predator, mwindaji kutoka sayari nyingine, alifuata mwaka 1987, akiwa amesanifiwa na Stan Winston. Filamu za wote wawili zilitolewa na studio moja, 20th Century Fox, lakini ni kampuni ya vitabu vya katuni ya Dark Horse iliyowapambanisha kwa mara ya kwanza, mwishoni mwa mwaka 1989. Mwaka uliofuata, katika Predator 2, kamera ilipita mbele ya mafuvu yaliyotundikwa ndani ya chombo cha wawindaji, na miongoni mwake likaonekana fuvu moja refu, lisilo na matundu ya macho, ambalo kila mpenzi wa filamu hizi alilitambua papo hapo kuwa la Alien. Utani ule wa sekunde chache uligeuka kuwa deni. Michezo ya video ilitoka mwaka 1994 na mingine mwaka 1999, muswada wa filamu ulioandikwa na Peter Briggs mwanzoni mwa miaka ya 1990 ukaishia kabatini, na mashabiki wakaendelea kudai kile walichoona kwamba wameahidiwa.

Aliyelipa deni hilo ni mwongozaji Mwingereza Paul W. S. Anderson, ambaye wakati huo alijulikana zaidi kwa filamu zilizotokana na michezo ya video. Alimwendea mtayarishaji John Davis akiwa na hadithi kamili pamoja na michoro ya namna alivyotaka ionekane, na ilipokubaliwa akaacha kuongoza sehemu ya pili ya Resident Evil, ambayo muswada wake alikuwa ameuandika yeye mwenyewe. Uamuzi wake mkubwa wa kwanza ndio ulioamua sura ya filamu nzima. Hadithi ya Dark Horse ilitokea katika sayari ya mbali, wakati ujao, miongoni mwa walowezi wafugaji. Anderson aliileta duniani, katika piramidi iliyofukiwa chini ya barafu ya kisiwa kimoja, mwaka 2004, ili iwe mwendelezo wa filamu za Predator na wakati huohuo utangulizi wa zile za Alien. Ni uamuzi wenye mantiki ya kihasibu, kwa kuwa pango la barafu ni rahisi kulijenga kuliko sayari. Hata hivyo ulimfunga mikono, kwa sababu katika filamu ya mwaka 1979, ambayo hadithi yake hutokea miaka mingi baadaye, wahusika hawajawahi kumsikia Alien. Mtazamaji anayekumbuka jambo hilo anajua tangu mwanzo kwamba hapatabaki shahidi wala ushahidi wa maana. James Cameron, aliyeongoza Aliens ya mwaka 1986, alikuwa akizungumza na Scott kuhusu filamu ya tano ya Alien, akajitoa aliposikia kwamba studio imechagua njia hii. Baadaye aliitazama na kukiri kwamba haikuwa mbaya kama alivyohofia. Mimi nakubaliana naye kwa kiasi hichohicho, bila kuzidisha.

Upigaji picha ulifanyika Prague, katika studio za Barrandov, kuanzia mwishoni mwa mwaka 2003. Sababu kubwa ilikuwa gharama. Bajeti ilikuwa kati ya dola milioni 60 na 70, kiasi ambacho kingetoa kitu kidogo sana kama seti zote zingejengwa Los Angeles; katika Jamhuri ya Czech mafundi wa mbao, plasta na rangi walikuwapo, wenye uzoefu wa miaka mingi, kwa malipo ambayo studio iliyamudu. Zilijengwa seti 25 hadi 30 za ukubwa halisi, nyingi zikiwa vyumba na korido za ndani ya piramidi, na michongo yake ikachanganya mitindo ya Misri, Kambodia na Waazteki. Hapa ndipo diski ya pili inapoanza kunifurahisha. Ukuta ambao ndani ya filamu unaonekana kwa sekunde mbili, tena kwa mwanga wa tochi inayotikisika, unauona ukiwa umesimama mzima chini ya taa za karakana, na unatambua kwamba kila alama juu yake ilichongwa na mtu aliyejua kwamba huenda hakuna atakayeitazama.

Vivyo hivyo kwa mifano midogo. Meli ya kuvunja barafu inayowaleta wahusika kisiwani ilikuwa mfano wa mita 4.5, wenye taa zinazowaka na rada inayozunguka. Uliwachukua mafundi wiki 10 na kugharimu karibu dola 37,000. Kituo cha kale cha kuwinda nyangumi nacho kilijengwa kama mfano wenye urefu wa mita 25, uliosanifiwa ili uweze kubomoka kisha ukaunganishwa tena. Uwezo huo haukuwa anasa, kwani kipande kimoja cha sekunde 6 kilihitaji kurudiwa, na mafundi wakaweza kukisimamisha kituo chote upya na kukiangusha tena. Theluji ilikuwa ya bandia, zaidi ya mifuko 700. Mwaka 2004, wakati studio nyingi zilikuwa zimekwisha kuhamia kwenye kompyuta, kazi ya namna hii ilikuwa inaelekea kuwa ya wazee, na hoja ya wenyewe ni ya wazi: picha ya kompyuta hudai muda mrefu ili ifanane na kitu halisi, ilhali mfano ukishaupiga picha, kazi imekwisha.

Kiini cha kasha zima, hata hivyo, ni karakana ya Amalgamated Dynamics, kampuni ya Alec Gillis na Tom Woodruff Jr. Wawili hawa walifanya kazi chini ya Stan Winston katika Aliens, kisha wakaanzisha kampuni yao na kuyatengeneza madubwana ya filamu ya tatu na ya nne za Alien. Woodruff alikuwa na kazi ya pekee katika mfululizo huu, kwa kuwa alitengeneza vazi la Alien na kisha akaingia ndani yake na kuigiza. Katika filamu hii ndiye Alien anayebaki na makovu kichwani kutokana na wavu wa mwindaji. Upande wa wawindaji alikuwa Ian Whyte, Mwingereza aliyewahi kucheza mpira wa kikapu, mwenye kimo cha zaidi ya mita 2.1. Kwa msomaji wa Afrika inafaa kukumbuka hapa kwamba mtu wa kwanza kabisa kuvaa vazi la Alien, mwaka 1979, alikuwa Mnigeria, Bolaji Badejo, mwanafunzi wa sanaa jijini London ambaye urefu wake na wembamba wake ndivyo vilivyolipatia dubwana lile mwendo usiofanana na wa binadamu. Jina lake halitajwi vya kutosha, na kila aliyevaa vazi lile baada yake amerithi kitu kutoka kwake.

Kazi ya kuunda viumbe ilianza Juni 2003 na ikachukua miezi kadhaa. Visu vya mkononi vya wawindaji vilirefushwa takriban mara 4 kuliko vya awali, na kila mwindaji akapewa barakoa yake ili mtazamaji awatofautishe. Jambo jipya zaidi lilikuwa kikaragosi cha Alien kilichoendeshwa kwa haidroliki, yaani shinikizo la kimiminika. Mtu aliyevaa vazi la mpira ana mipaka: mabega yake ni ya binadamu, kiuno chake hakiwezi kuwa chembamba kupita kiasi, naye anachoka. Kikaragosi kiliweza kuwa chembamba kama mifupa mitupu na kusogea kwa kasi ambayo mwigizaji hangeifikia. Kiliendeshwa na watu 6 waliogawana kichwa, kiwiliwili na mikono, huku mmoja wao akihakikisha kwamba ishara zinafika kwenye kompyuta. Na kwa kuwa kompyuta ilihifadhi kila mwendo, pigo lililopendeza liliweza kurudiwa lilelile mara nyingi kadiri mwongozaji alivyotaka. Malkia wa Alien alitengenezwa kwa njia tatu: sanamu ya mitambo yenye kimo cha mita 4.8 iliyohitaji waendeshaji 12, kikaragosi cha mita 1.2, na sura ya kompyuta kwa vipande ambavyo Malkia anakimbia. Kuwatazama watu 12 wakipumua kwa pamoja ili kichwa kimoja kigeuke taratibu ni tamasha tosha, na katika dakika hizo sikuikumbuka hadithi ya filamu hata kidogo.

Sasa turudi kwenye diski ya kwanza, tuone kazi hiyo yote ilikwenda wapi.

Sehemu kubwa yake ilipotea gizani na katika uhariri. Pambano la kwanza kati ya Alien na Predator, ambalo ndilo lililouzwa kwenye mabango na ambalo lilichukua muda wa karibu mwezi mmoja kupigwa picha, linakuja filamu ikiwa imefika takriban nusu, na linapokuja limekatwa vipande vifupi mno kiasi kwamba jicho haliwahi kujua mkono uliopita ni wa nani. Mkia unafagia, cheche zinaruka, kitu kinagonga ukuta, na tayari tumehamia kwingine. Kikaragosi ambacho kiliundwa ili kionekane kizima, tofauti na mtu ndani ya vazi, kinaonyeshwa kwa namna ambayo ingefaa kuficha vazi baya. Hili ndilo kosa ninaloshindwa kumsamehe Anderson, hasa kwa kuwa ni yeye aliyesisitiza kwamba viumbe vilivyopo mbele ya kamera hutisha kuliko vya kompyuta. Alikuwa sahihi. Basi angetuacha tuvitazame.

Kosa la pili ni la studio. Filamu zote za Alien na za Predator zilizotangulia zilipewa daraja la R nchini Marekani, yaani zilikuwa za watu wazima. Hii ilitolewa kwa daraja la PG-13 ili vijana waweze kuingia bila mzazi. Simaanishi kwamba damu ni lazima ndipo filamu itishe. Ile ya mwaka 1979 hutisha zaidi pale ambapo hakuna kinachoonekana. Tatizo ni kwamba muswada huu uliandikwa kana kwamba ukatili utaonyeshwa, kisha ukatili ukaondolewa na hakuna kilichowekwa mahali pake. Wahusika wanaburutwa nje ya picha mmoja baada ya mwingine, kamera inageuka sekunde moja kabla ya pigo, na mtazamaji anabaki akihesabu waliosalia. Studio haikuwaonyesha wahakiki filamu hii kabla ya kuitoa, ishara ambayo mara nyingi huwa na maana moja tu. Fedha ziliingia hata hivyo, zaidi ya dola milioni 38 katika siku 3 za kwanza Marekani na Kanada, na zaidi ya milioni 170 duniani kwa jumla. Sura ndefu iliyomo kwenye kasha hili inaongeza onyesho la utangulizi la mwaka 1904 pamoja na damu kidogo iliyochorwa kwa kompyuta. Damu hiyo inaonekana kuwa ya kompyuta, na katika filamu iliyojivunia kazi ya mikono inakera zaidi ya kusaidia. Utangulizi, kwa upande wake, unastahili kuwapo.

Kuhusu hadithi yenyewe nina maneno machache, ila moja sitaliacha. Kampuni ya tajiri Charles Bishop Weyland inagundua joto lisiloelezeka chini ya barafu ya kisiwa cha Bouvet, kusini mwa bahari ya Atlantiki, na kikosi cha wataalamu kinatumwa kuchunguza piramidi iliyoko huko chini. Tunaelezwa kwamba wawindaji waliabudiwa na watu wa kale kama miungu, wakawafundisha kujenga, na kwamba kila baada ya miaka 100 walirudi kuwatumia watu hao kama chambo cha kuwazalisha Alien kwa ajili ya mafunzo ya vijana wao. Anderson hakuficha kwamba aliathiriwa na Erich von Däniken, mwandishi aliyeeneza dhana kwamba majengo makubwa ya kale yalitokana na wageni kutoka angani. Kama kipambo cha bunilizi ya kisayansi dhana hiyo inafanya kazi, na piramidi inayobadilisha vyumba vyake kila dakika 10 ndiyo fikra bora kabisa katika muswada. Lakini sisi wa bara hili tunaifahamu dhana hiyo katika sura nyingine. Kwa miongo mingi walowezi walidai kwamba Zimbabwe Kuu ilijengwa na Wafoinike au watu wa Malkia wa Sheba, mtu yeyote isipokuwa Waafrika, ingawa mwanaakiolojia David Randall-MacIver alikwisha kuonyesha mwaka 1905, na Gertrude Caton-Thompson akathibitisha mwaka 1929, kwamba ni kazi ya Waafrika wenyewe. Filamu hii haina nia mbaya, lakini inapita juu ya jambo hilo bila kushituka, na hata diski ya pili, ambayo ina nafasi ya kutosha kulizungumzia, inaridhika kuzungumzia rangi ya mawe.

Uzembe huohuo unaonekana katika mambo madogo. Mtaalamu wa akiolojia anatueleza kwamba piramidi hubadilika kila dakika 10 kwa sababu Waazteki walihesabu kalenda yao kwa makumi, ilhali watu wa Amerika ya Kati ya kale walihesabu kwa ishirini: miezi 18 ya siku 20, na siku 5 za nyongeza. Kisiwa cha Bouvet kipo kweli, ni milki ya Norway, kimefunikwa na barafu karibu chote na hakina wakazi. Kituo cha nyangumi kimebuniwa, na hilo halina ubaya. La kalenda lina ubaya, kwa sababu anayelisema ametambulishwa kuwa bingwa wa fani hiyo.

Waigizaji wawili wanaiokoa filamu isizame. Sanaa Lathan, katika nafasi ya Alexa Woods, kiongozi wa msafara anayejua barafu kuliko wote na asiyesikilizwa na yeyote, anaigiza kana kwamba muswada ni bora kuliko ulivyo, na urafiki wake wa kimyakimya na mwindaji wa mwisho katika theluthi ya tatu unapendeza mahali ambapo ungeweza kuchekesha. Lance Henriksen, aliyekuwa Bishop, roboti mwenye sura ya binadamu, katika Aliens, anarudi kama Weyland, mgonjwa anayetaka kuacha jina kabla hajafa. Uwepo wake ni mshono mzuri zaidi kati ya filamu hii na zile za kabla yake, mzuri kuliko maelezo yote yaliyomo midomoni mwa wahusika.

Ubora wa picha kwenye diski ni wa kuridhisha kwa kiwango cha DVD, ingawa giza la filamu linadai televisheni iliyorekebishwa vizuri na chumba kisicho na mwanga mwingi. Mchana, madirisha yakiwa wazi, nusu ya filamu haionekani. Kwa hiyo siwashangai wale walioitazama katika vibanda vya video na kuondoka wakisema kwamba hawakuona pambano lolote. Sauti ni nzuri kuliko picha, na milio ya wawindaji inazunguka chumba bila kufunika mazungumzo. Udhaifu wa simulizi za diski ya pili ni ule wa kawaida wa simulizi zinazotolewa na studio yenyewe: kila mtu anamsifu mwenzake, na suala la daraja la umri, lililozua manung'uniko makubwa kuliko yote, halichambuliwi. Sehemu inayohusu matangazo inaweza kurukwa bila hasara.

Wanunuzi wa Afrika Mashariki waangalie namba ya kanda, yaani eneo la dunia ambalo diski imekusudiwa kuchezwa, kabla ya kulipa. Nchi zetu zimo katika kanda ya 5, wakati matoleo yanayopatikana kwa urahisi kwa kuagiza ni ya kanda ya 1 ya Marekani au kanda ya 2 ya Ulaya, hivyo mashine inayosoma kanda zote ni ya lazima. Toleo la Marekani pia hutumia mfumo wa picha za televisheni wa NTSC, ambao televisheni nyingi za sasa huusoma bila shida lakini baadhi ya za zamani huonyesha bila rangi. Maandishi ya Kiswahili hayamo, na mafundi katika simulizi huzungumza kwa haraka. Diski ya kwanza ina pia maelezo mawili ya sauti yanayosikika filamu ikiendelea. La Anderson, Lathan na Henriksen ni la kirafiki na halina mengi. La John Bruno, msimamizi wa athari za picha, akiwa na Gillis na Woodruff, ndilo la kusikiliza: wanataja kipande kwa kipande wapi ni vazi, wapi ni kikaragosi na wapi ni kompyuta. Ningeshauri lisikilizwe baada ya kuitazama karakana kwenye diski ya pili, na filamu yenye sauti yake ya kawaida iachwe kwa siku nyingine.